Kinywa kinafunguka, sauti haitoke: filamu bubu za sikukuu, za Waholanzi na za kwetu

Wazee wetu wanasema: mgeni ana macho makubwa, lakini haoni. Siye tungependa kuongeza kidogo: mashine ya mgeni nayo ina jicho kubwa, lakini kwa muda mrefu haikuwa na sikio. Katika kurasa hizi tunazungumza juu ya filamu bubu, yaani zile sinema za zamani zisizo na sauti, na namna zilivyoonyesha sikukuu za watu. Msomaji atauliza: hayo yanatuhusu nini, siye watu wa Kisangani? Tunamwomba avumilie. Mwisho wake atakuta tunazungumza juu ya simu iliyo mfukoni mwake.

Jambo lilianza jioni moja ya Desemba. Ndugu yetu mmoja anayeishi Uholanzi alikuwa ametutumia flash yenye vipande vya sinema za zamani. Tulikusanyika katika kilasi kimoja huko Makiso, tukatundika shuka jeupe juu ya ubao, jenereta ikaunguruma nje. Walikuja walimu wenzetu, wamama wa mtaa, wanafunzi, na wazee wawili watatu wa upande wa mto. Tukaona vitu vya aina mbili. Kwanza, filamu ndogo ndogo ambazo jamaa za Kiholanzi zilijipigia zenyewe nyumbani, siku ya sikukuu. Pili, vipande vya «La Croisière noire», sinema kubwa ya Wafaransa iliyopita katika Uele yetu mwaka 1925, pamoja na vipande vingine vya siku hizo visivyo na jina wala tarehe. Tulipotoka pale, kila mtu alikuwa na neno. Haya ndiyo ya kwetu.

1. Waholanzi mezani kwao

Tuanze na mashine. Mwanzoni mwa sinema, kupiga filamu ilikuwa kazi ya makampuni: mashine ilikuwa nzito, filamu ilikuwa ghali, na ilishika moto upesi. Mwaka 1922 kampuni ya Pathé ilitoa mashine ndogo ya nyumbani, Pathé-Baby, yenye filamu ya milimita 9.5. Mwaka 1923 Kodak ikafuata na filamu ya milimita 16. Tangu hapo daktari, mfanyabiashara au mwenye kiwanda kule Ulaya aliweza kuwapiga filamu watoto wake mwenyewe. Sauti haikuwepo. Kilichobaki ni vinywa vinavyofunguka na kufunga.

Sikukuu kubwa ya nyumbani kwa Waholanzi ni jioni ya tarehe 5 Desemba, mkesha wa Mtakatifu Nikolasi, ambaye wao wanamwita Sinterklaas. Hadithi inasema kwamba mtakatifu huyo anatoka Hispania kwa meli ya mvuke, akiwa na kofia ya askofu na farasi mweupe. Watoto wanaweka kiatu karibu na moshi wa jiko, pamoja na karoti ya farasi. Asubuhi wanakuta peremende ndani yake. Wengi wetu tunaijua sikukuu hiyo kwa sababu mapadri na masista wa Ubelgiji waliileta mpaka kwenye masomo ya hapa, tarehe 6 Desemba.

Katika filamu zile tuliona nini? Meza, kitambaa cheupe, bibi mzee amekaa katikati, watoto wanafungua vifurushi. Mtoto mmoja anakuja mbio mbele ya mashine, anacheka na kuonyesha zawadi yake mpaka inaziba picha yote. Hapo mama mmoja nyuma yetu akasema: «Huyu anaonyesha baba yake.» Ndiyo. Mtoto yule hakuwa akitazama mashine. Alikuwa akimtazama baba aliyesimama nyuma yake. Filamu haina sauti, lakini haikuwa na haja kubwa ya sauti, maana wale waliokuja kuiangalia baadaye, siku za baridi, sebuleni kwao, walikuwa ni haohao waliomo ndani. Kila mmoja alijua jina la kila mmoja. Bibi alipofungua kinywa, wote walikumbuka alichosema.

Nje ya nyumba pia Waholanzi walikuwa na watu waliojipa kazi ya kutunza mila. Tutaje mmoja, Dirk Jan van der Ven, mtaalamu wa desturi za vijiji. Mwaka 1919 alikuwa mmoja wa waliotayarisha sherehe kubwa ya mila za nchi huko Arnhem, na katika miaka ya 1920 alitengeneza filamu za sikukuu na michezo ya wakulima, kwa hofu kwamba mila zile zitapotea kwa ajili ya viwanda na miji. Mtu anaweza kumlaumu kwamba alipenda sana mavazi mazuri na kusahau shida za wakulima. Lakini alizungumza lugha yao, na angeweza kurudi kuwauliza.

Tusiwasifu mno. Filamu za nyumbani zinaonyesha watu wenye mali tu; mfanyakazi wa bandari ya Rotterdam hakuwa na Pathé-Baby. Tena, filamu za siku zile zilihitaji mwanga mwingi. Sikukuu ya jioni, chini ya taa, haikutoka vizuri. Kwa hiyo wengi walipiga mchana, karibu na dirisha au uani, wakarudia mambo kama mchezo wa kuigiza. Sikukuu unayoiona si sikukuu yenyewe. Ni sikukuu iliyopangwa kwa ajili ya jua.

Kuko na jambo lingine, na hapo kicheko kilikatika katika kilasi. Pembeni ya mtakatifu anatembea mtumishi, uso umepakwa rangi nyeusi, midomo myekundu, nywele za kuvaa. Mama yuleyule akauliza: «Na ule mweusi njo nani?» Ilibidi tueleze. Mtumishi mweusi aliingia katika kitabu cha watoto cha mwalimu mmoja wa Amsterdam, Jan Schenkman, mwaka 1850, na baadaye akapewa jina la Zwarte Piet, yaani Piet Mweusi. Tangu miaka ya 2010 jambo hilo limeleta ugomvi mkubwa kule Uholanzi, na sherehe nyingi za hadhara zimeacha rangi hiyo. Lakini filamu haibadiliki. Tukaona ajabu: katika sikukuu ya mzungu, Mwafrika yupo mbele ya mashine, ila ni wa kuigiza. Katika sikukuu ya Mwafrika, kama tutakavyoona, mzungu haonekani, ila ni yeye anayezungusha mkono wa mashine.

2. Siye uani kwetu

«La Croisière noire» ilitengenezwa na Léon Poirier, na mpiga picha wake alikuwa Georges Specht. Waliandamana na msafara wa magari manane ya Citroën ulioongozwa na Georges-Marie Haardt na Louis Audouin-Dubreuil. Msafara uliondoka Colomb-Béchar, Algeria, tarehe 28 Oktoba 1924, ukavuka jangwa, ukapita Niger, Chad na Ubangi, ukaingia Kongo ya Wabelgiji kwa upande wa Uele, ukamalizika Madagaska mwezi Juni 1925. Filamu ilionyeshwa mara ya kwanza katika jumba la Opera la Paris, tarehe 2 Machi 1926, mbele ya wakubwa wa nchi. Ilikuwa tangazo la magari; ilikuwa pia tangazo la ukoloni. Tusisahau hayo mawili tunapoangalia ngoma.

Watu wa Uele, hasa Wamangbetu, ni jirani zetu. Mpaka mwaka 2015 tulikuwa nao katika jimbo moja, Orientale, kabla halijagawanywa kuwa Tshopo, Bas-Uele, Haut-Uele na Ituri. Kuona ua wao, wanawake wao wenye vichwa vilivyorefushwa tangu utoto kwa ile desturi ya lipombo, na nywele zilizosukwa kama kikapu kinachofunguka juu, kulitugusa. Picha ni nzuri. Hatusemi uongo: Specht alijua kazi yake. Sura ya mwanamke mmoja, Nobosodrou, ilizunguka dunia nzima, mpaka ikawa pambo la motokari. Alikuwa mmoja wa wachache waliobakiwa na jina. Wengine wote, wachezaji, wapiga ngoma, wamama waliokaa juu ya viti vyao vidogo, wamebaki «Wamangbetu» tu.

Wakati wa kuangalia, mwanafunzi wetu mmoja wa mwaka wa tano aliuliza: «Mwalimu, banaitwa nani?» Hatukuwa na jibu. Kwa watoto wa Kiholanzi alikuwa hakuuliza, sababu aliona wazi kwamba kuko mtu nyuma ya mashine anayewajua. Kwa wale wa Uele aliona wazi kwamba hayuko.

Lawama yetu ya pili ni juu ya mwendo. Filamu bubu zilipigwa kwa kuzungusha mkono, mara nyingi picha 16 au 18 kwa sekunde. Mashine za baadaye zinaonyesha 24. Asiyejali kurekebisha anapata watu wanaokimbia kama siafu. Mtoto wa Kiholanzi akikimbia hivyo, tunacheka naye, ni mtoto. Lakini mtu mzima anayecheza ngoma ya heshima mbele ya chifu, hatua zake zimepimwa, mabega yanatulia, ukimwongezea mwendo unamfanya kichekesho. Vijana wetu walicheka. Mzee mmoja akawakemea: «Musicheke. Ule mutu hakucheza vile.» Tunaamini alisema kweli. Ni mara ngapi huko Ulaya watu walicheka, wakadhani wanamcheka Mwafrika, kumbe walikuwa wanacheka kosa la mashine?

Ya tatu ni jua. Ngoma zetu nyingi ni za usiku, mbalamwezi inapotoka na kazi za shamba zimekwisha. Mashine ilihitaji jua kali. Basi watu waliitwa wacheze saa sita mchana. Waholanzi nao walirudia sikukuu yao mchana, tumesema hivyo. Tofauti ni hii: wao walijipangia wenyewe, wetu walipangiwa na mgeni aliyekuwa na haraka ya kuondoka.

Tena mgeni yule hakuja na macho matupu. Mwaka 1870 Mjerumani Georg Schweinfurth alifika kwa mfalme Mbunza, akamwona akicheza mbele ya wake zake katika jumba kubwa, akachora. Mwaka 1910 Herbert Lang, aliyekuwa amepita hapa Stanleyville na mwenzake James Chapin kwa kazi ya jumba la makumbusho la New York, alipiga foto za chifu Okondo akicheza. Mwaka 1925 ikaja sinema. Kila mmoja alifika akiwa na picha ya aliyemtangulia kichwani, akatafuta ileile. Hivyo sikukuu moja ikawa ndiyo sikukuu yote ya Wamangbetu. Ndoa, kuzaliwa kwa mapacha, matanga, mavuno: hayo mgeni hakuyatafuta, kwa hiyo hayapo.

Na wenyewe, waliiona lini filamu yao? Wakati wa ukoloni Wakongomani hawakuruhusiwa kuangalia filamu yoyote waliyotaka. Kulikuwa na komisyo za kuchagua zile zilizoitwa zinafaa kwao. Baba wa Kiholanzi aliwaonyesha watoto wake filamu yao. Chifu wa Uele hakualikwa Opera.

3. Sauti iliyobaki pembeni

Sasa tuje kwenye jambo lililotuuma zaidi. Katika vile vipande visivyo na jina kulikuwa na mwanaume amesimama mbele ya ngoma kubwa ya mti, ile iliyotobolewa mwanya juu. Anapiga. Mzee mmoja Mlokele aliinuka kwenye benchi, akasogea mpaka karibu na shuka, akaangalia mikono ya yule mtu. Tulinyamaza. Mwisho akarudi kukaa: «Mikono inakimbia sana. Siwezi kusoma.»

Wasomaji wa hapa wanajua alichokitafuta. Ngoma ya Walokele, bongungu, inasema. Ina sauti mbili, ya juu na ya chini, na kwa hizo mbili inafuata wimbo wa maneno ya lugha yenyewe; jina moja linakuwa sentensi ndefu, ili lisichanganywe na lingine. Mmisionari John Carrington wa Yakusu alieleza kazi hiyo katika kitabu chake cha mwaka 1949, baada ya kujifunza mwenyewe kupiga. Kwa watu kama hao, filamu bubu haipunguzi sherehe kidogo tu. Inaondoa maneno. Ni kama kupiga foto ya barua huku umeifunika kwa mkono.

Siku zilezile sauti ilikuwa inakusanywa kwa njia nyingine. Afisa wa Kibelgiji Armand Hutereau, katika safari yake ya Uele miaka ya 1911 na 1912, alinasa nyimbo na ngoma juu ya mitungi ya nta, nayo ikapelekwa Tervuren, karibu na Brussels. Basi angalieni hali yetu: sauti bila picha iko upande mmoja, picha bila sauti iko upande mwingine, na wenye sauti na picha wako huku. Februari 2022 Ubelgiji iliikabidhi serikali yetu orodha ya vitu karibu 84,000 vya Kongo vilivyomo Tervuren. Watu wengi walizungumza juu ya vinyago na viti. Siye tungeomba watu wazungumze pia juu ya nyimbo na filamu. Kinyago kikirudi kinahitaji jumba na mlinzi. Wimbo unaweza kurudi ndani ya flash, kesho.

Haki itendeke: si kila mgeni alikuwa na haraka. Mholanzi mmoja, André Droogers, aliishi hapa mjini akifundisha, na mwaka 1970 aliifuata gandja ya Wagenia, ile sherehe ya kuwatia vijana jandoni. Hakuwa na filamu ya kuuza. Aliuliza maana ya kila tendo, akaandika. Kitabu kikatoka kwa Kiholanzi mwaka 1974, na kwa Kiingereza mwaka 1980. Kitabu hakina picha inayotembea, lakini ndani yake watu wanasema. Ila nacho kimeandikwa kwa lugha ambazo mvuvi wa Boyoma hazisomi.

4. Kaseti ya matanga

Tungeweza kumalizia hapo, kwa kulaumu wageni, na wasomaji wangetupigia makofi. Lakini kuko jambo la nyumbani kwetu ambalo hatuwezi kulificha.

Mwaka 2003 koko yetu mwanaume alikufa. Familia nyingi za Kisangani zilikuwa zimepoteza foto na mali katika vita vya siku sita vya Juni 2000, na siye pia. Hivyo tulisema matanga haya yapigwe video, yabaki. Tukachanga, tukamwita kijana mpiga video. Usiku wa pili koko mwanamke aliimba. Aliimba muda mrefu, peke yake, kwa lugha ya kwao, akimwita marehemu kwa majina yote ya ukoo, moja baada ya lingine. Kuna majina ambayo hata baba yetu hakuwahi kuyasikia. Tulisema moyoni: si kitu, yamo ndani ya kaseti.

Baada ya wiki mbili kaseti ikaja. Mpiga video, kwa nia nzuri kabisa, alikuwa amefuta sauti yote na kuweka muziki wa kisasa kutoka mwanzo mpaka mwisho. Alisema makelele ya matanga hayapendezi. Koko anaonekana vizuri, mkono shavuni, kinywa kinafunguka. Juu yake kuko gitaa. Alikufa mwaka uliofuata, na majina akaenda nayo.

Hapo ndipo tulipotambua kwamba filamu bubu haikuisha mwaka 1930. Siye wenyewe tunaitengeneza. Leo kila kijana anayetelemka kwenye toleka ana simu inayoona na kusikia kuliko mashine zote za Poirier. Anapiga ndoa, anapiga Bonane, anapiga kutoka kwa vijana jandoni. Halafu anakata, anaongeza mwendo ili wachekeshe, anaweka wimbo wa Kinshasa juu, anatuma. Hakuna jina, hakuna tarehe, hakuna sauti. Miaka 50 ijayo mjukuu wake atauliza swali lilelile la mwanafunzi wetu: banaitwa nani? Na safari hii hatutakuwa na Mfaransa wa kulaumu.

5. Tunachoomba

Hatuombi makubwa. Kwanza, anayepiga sikukuu ya nyumbani aanze kwa kusema kwa sauti yake: leo ni tarehe fulani, tuko mtaa fulani, komini fulani, na hawa ni fulani na fulani. Hilo linachukua dakika moja. Pili, sauti isifutwe. Akitaka muziki, atengeneze nakala mbili, moja ya kuchezea na moja ya kutunza. Tatu, aombe ruhusa kwa wenye sherehe. Kuko mambo ya jandoni ambayo hayatakiwi kuonekana na kila jicho. Kuyaacha gizani nako ni kutunza mila. Nne, wenye kaseti za zamani wasizingoje. Unyevu wa huku unakula kaseti kama mchwa. Wazilete zihamishwe kwenye flash, pamoja na mzee mmoja wa familia atakayetaja majina wakati picha inapita.

Kazi hiyo ya mwisho tumekwisha kuianza, kwa kaseti yetu wenyewe. Dada mkubwa wa baba yetu, mwenye miaka zaidi ya 80, aliketi mbele ya televizyo. Tulizima gitaa. Aliangalia kinywa cha mama yake kikifunguka bila sauti, akarudisha nyuma, akaangalia tena. Halafu akaanza kuimba polepole kufuata midomo ile, akisimama pale alipokosa. Mpaka sasa amepata majina 7. Simu yetu ilikuwa mezani, imewashwa.